Jioni ya Rukia: Tathmini ya Onyesho la Sinema za Kale Mjini Moshi

Bango lilikuwa limebandikwa kwenye mlango wa chuma, limeandikwa kwa kalamu nene: "Ijumaa saa moja usiku. Sinema ya Rukia, nyota wa Indonesia. Shilingi 6,000 pamoja na kahawa." Ukumbi wenyewe uko ghorofani katika jengo la zamani mjini Moshi, juu ya duka la madaftari na sare za shule, mwendo wa dakika tano kwa miguu kutoka stendi, na tangu ulipoanza kuandaa jioni za sinema za kale kila mwisho wa mwezi nimekwisha kuhudhuria mara nne. Hapa nitaizungumzia jioni hiyo moja tu, kwa kuwa ndiyo bora kuliko zote nilizoziona pale, na kwa kuwa ndiyo iliyoleta manung'uniko zaidi ya nyingine zote. Watu walilipa kutazama filamu, na filamu haikuwapo.

Saa moja na robo, mwalimu mstaafu ambaye ndiye mwenyeji wa jioni hizi alisimama mbele ya ukuta mweupe akiwa na kipaza sauti na daftari. Wengi wa rika langu tunamfahamu tangu enzi za vibanda vya video, alipokuwa akikaa pembeni ya televisheni na kuwatafsiria watazamaji filamu za Kihindi na za Kichina kwa Kiswahili, akibadili sauti kwa kila mhusika. Alizungumza kwa dakika kadhaa kuhusu mji wa Bandung na historia ya koloni la Uholanzi ambalo leo ndilo Indonesia, hadi kijana mmoja wa safu ya nyuma aliponyoosha mkono.

"Shikamoo, Mwalimu. Samahani, filamu yenyewe itaanza saa ngapi?"

"Marahaba, mwanangu. Filamu haipo. Hakuna anayejua nakala yake ilipo. Kilichobaki ni picha chache za mnato, mabango, na habari zilizoandikwa. Nami nimekuja kuwasimulia."

Watu sita walisimama wakatoka. Kwa haki ya ukumbi huo lazima niseme kwamba mama anayekaa mlangoni aliwarudishia fedha zao zote bila ubishi, na waliokuwa wamekwisha kunywa kahawa hawakukatwa hata shilingi. Hata hivyo kosa lilikuwa la bango. Mtu anayesoma neno "sinema" ana haki ya kutarajia picha zinazotembea, na anayetarajia picha akapewa masimulizi ataona ameibiwa hata kama masimulizi hayo ni ya thamani kubwa. Laiti bango lingesema "masimulizi ya maisha ya mwigizaji", nadhani ukumbi ungejaa watu wa aina nyingine, wala pasingekuwa na aliyeondoka.

Tuliobaki, kama watu thelathini na watano, tulianza na jina. Kwenye ukuta liliandikwa "Roekiah", na chumba kizima kikalisoma vibaya. Mwalimu akaeleza kwamba wakati huo lugha ya Kimalay iliandikwa kwa tahajia ya Kiholanzi, ambamo herufi "oe" husomwa "u", "tj" husomwa "ch" na "dj" husomwa "j", na kwamba "oe" iliondolewa katika maandishi rasmi mwaka 1947. Kwa hiyo Roekiah ni Rukia, jina ambalo kila mtaa wa Moshi unalo. Mama mmoja wa makamo aliyekuwa safu ya pili, mkazi wa Njoro kama alivyojitambulisha baadaye, alicheka kwa furaha na kusema kwamba hilo ndilo jina lake yeye. Kuanzia hapo ukumbi haukuwa tena unasikiliza habari za mgeni.

Roekiah alizaliwa Bandung tarehe 31 Desemba 1917, binti wa wazazi ambao wote wawili walikuwa watu wa jukwaani. Alianza kupanda jukwaani akiwa na miaka saba, na kufikia miaka ya mwanzo ya 1930 alikuwa akifahamika Batavia, yaani Jakarta ya leo, kama mwimbaji wa muziki wa kroncong na mwigizaji wa kundi lililoitwa Palestina Opera. Huko ndiko alikokutana na Kartolo, mwanamuziki na mwigizaji, wakaoana mwaka 1934. Yote haya Mwalimu aliyapitia haraka, na alifanya vema, kwa sababu jambo alilotaka kulieleza lilikuwa lingine: kwa nini mwigizaji wa filamu wa wakati ule alipaswa kwanza awe mwimbaji.

Sehemu hii ndiyo iliyonifanya niamue kuandika. Mwalimu alirudi nyuma hadi miaka ya 1870, wakati makundi ya maigizo ya Waparsi kutoka India yalipofika Penang, kisiwa cha Malaya, na kuwavutia wenyeji, ambao kwa kuyaiga wakaunda maigizo yao yaliyoitwa bangsawan, yenye hadithi za wafalme na majini, nyimbo katikati ya mazungumzo, na mchekeshaji anayeingia kila hadithi inapokuwa nzito. Mwaka 1891 huko Surabaya, Auguste Mahieu akaanzisha Komedie Stamboel, ambayo ilifuata njia hiyohiyo na kuchota sana katika hadithi za Alfu Lela Ulela. Filamu zilipoanza kutengenezwa kisiwani Java, wasanii walikuwa tayari wapo, wamelelewa na jukwaa, nao walikuja na nyimbo zao. Na kwa kuwa maigizo hayohayo ya Waparsi ndiyo yaliyoipa sinema ya Kihindi desturi yake ya kuimba, wazee waliokuwa mle ukumbini, ambao ujana wao wote uliishia kwenye filamu za Kihindi, walielewa mara moja wanachoelezwa. Mzee mmoja mwenye kofia ya kufuma alisema kwa sauti, "Kumbe ni ndugu!" Sijapata kusikia asili ya nyimbo katika filamu ikielezwa kwa ufupi na kwa usahihi namna hiyo, tena bila mtu yeyote kuhitaji kuwa amesoma lolote kabla.

Kisha ikachezwa kroncong. Ni muziki wenye asili ya Kireno uliotunzwa na jamii ya Tugu, kaskazini mwa Jakarta ya leo, ukiwa na gitaa dogo linalofanana na ukulele, fidla, filimbi, na sello inayodonolewa kwa vidole kama ngoma. Spika za ukumbi huo ni mbovu kwa kweli. Sauti za juu zinapasuka na za chini hazisikiki, kwa hiyo sello tuliielezwa zaidi kuliko tulivyoisikia. Wenye ukumbi wanajua tatizo hilo tangu onyesho la kwanza, na sioni sababu ya kuendelea kulivumilia katika shughuli inayotegemea masikio kuliko macho. Licha ya hayo, fidla ilipopanda juu ya sauti ya mwimbaji, nilimkumbuka Siti binti Saad, ambaye mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi santuri zilizoifikisha sauti yake kwenye nyumba za watu ambao hawakuwahi kumwona. Mwalimu hakuutaja ulinganisho huo, nami nadhani angefaa kuutaja. Pwani yetu ilikuwa na mwanamke aliyejulikana kwa sauti kabla ya sura miaka tisa kabla Roekiah hajaingia kwenye filamu.

Filamu hiyo ni Terang Boelan ya mwaka 1937, na jina lake Mwalimu alilitafsiri kwa neno moja tu, "mbalamwezi", ambalo nadhani ni tafsiri isiyoweza kuboreshwa. Iliongozwa na Mholanzi Albert Balink, mswada ukaandikwa na mwandishi wa habari Saeroen, na upigaji picha ukashikwa na ndugu wa ukoo wa Wong, Wachina waliokuwa wakitengeneza filamu kisiwani Java tangu miaka ya 1920. Balink alikuwa ametoka kupata hasara na Pareh, filamu iliyosifiwa na wahakiki lakini isiyowaleta watazamaji wa kutosha, na safari hii aliamua kuwapa wenyeji kile walichokuwa wakikipenda: mapenzi, nyimbo, ugomvi na mandhari nzuri, kwa kufuata mtindo wa filamu moja ya Kimarekani ambamo Dorothy Lamour alikuwa ameng'ara.

Hapa ndipo Mwalimu alipofunga daftari. Kwa muda wa dakika kama ishirini alitusimulia Terang Boelan kana kwamba inapita ukutani. Alitupeleka kisiwa cha Sawoba, ambacho hakipo kwenye ramani yoyote kwa sababu jina lake liliundwa kwa herufi za mwanzo za Saeroen, Wong na Balink. Alitupa Rohaya anayempenda Kasim lakini anatakiwa kuolewa na Musa, mfanyabiashara wa afyuni. Usiku wa kuamkia harusi. Wapenzi wawili wakitoroka kwenda Malaka. Kasim akifanya kazi bandarini na Rohaya akishika nyumba. Kisha Musa akifuata nyayo zao. Alipomsemea Rohaya alishusha sauti, na alipomsemea Musa aliuvuta mdomo upande mmoja kama alivyokuwa akifanya kwa majambazi wa filamu za Kihindi miaka thelathini iliyopita. Hakuongeza vituko ambavyo havimo, na kila alipofika mahali ambapo habari zilizobaki hazisemi kitu alinyamaza kidogo, akanywa kahawa, akaruka hadi panaposemwa. Nidhamu hiyo ndiyo ninayoithamini. Msimuliaji wa kibanda amezoea kujaza kila nafasi kwa maneno yake; huyu alijizuia kwa heshima ya kitu kilichopotea.

Alitupa pia jambo moja dogo ambalo limekaa nami tangu siku hiyo. Mhusika mkuu wa kiume, Rd Mochtar (Rd ni kifupi cha Raden, cheo cha kiungwana cha Java), alikuwa na umbo na sura ya nyota lakini sauti yake haikufaa kwa kroncong, kwa hiyo nyimbo zake ziliimbwa na Ismail Marzuki, ambaye baadaye alikuja kuwa mtunzi mashuhuri wa nyimbo za taifa hilo. Roekiah hakuhitaji kuazimwa sauti. Aliyekuwa mwimbaji tangu utoto alisimama mbele ya kamera akaimba mwenyewe, na watazamaji wa Java na wa Malaya ya Waingereza walijua kwamba wanayemwona ndiye wanayemsikia.

Filamu hiyo ilifanikiwa sana, hadi ndugu Shaw wa Singapore wakapata ari ya kutengeneza filamu za Kimalay wao wenyewe. Kampuni iliyoitengeneza, hata hivyo, haikutaka kuendelea na filamu za hadithi, na wasanii wake wakabaki bila kazi hadi Tan's Film ya Batavia ilipowachukua. Mwalimu alizitaja fedha, nami nafurahi kwamba alizitaja, kwa sababu maonyesho mengi ya aina hii huishia kwenye urembo. Roekiah alilipwa gulden 150, fedha ya Kiholanzi, kwa mwezi na Kartolo gulden 50, mara mbili ya walichopata kwa Terang Boelan. Filamu yao ya kwanza huko, Fatima ya mwaka 1938, iligharimu gulden 7,000 na kuingiza gulden 200,000. Nilifanya hesabu nyuma ya karatasi ya kiingilio: mapato yalikuwa zaidi ya mara 28 ya gharama, na gharama nzima ya filamu ilikuwa sawa na mshahara wa Roekiah wa takribani miezi 47. Anayetaka kujua nani alibeba kampuni hiyo mabegani hahitaji takwimu zaidi ya hizo.

Katika sehemu iliyofuata ndipo ninapotofautiana na Mwalimu, na nilimwambia hivyo uso kwa uso baada ya onyesho. La kwanza, alisema Terang Boelan ndiyo filamu ya kwanza ya Indonesia. Sivyo. Loetoeng Kasaroeng, iliyotengenezwa kwa waigizaji wenyeji, ilianza kuonyeshwa Bandung tarehe 31 Desemba 1926. Kosa hili linaniuma zaidi kwa sababu lilimnyima Mwalimu jambo zuri la kusimulia: filamu hiyo ilifunguliwa katika mji uleule aliozaliwa Roekiah, siku ileile alipotimiza miaka 9. Msimuliaji wa kiwango chake angeweza kuanzia hapo.

La pili ni Kartolo. Kwa Mwalimu alikuwa "mumewe" tu, mtu wa pembeni. Lakini Kartolo aliigiza pamoja na mkewe karibu katika kila filamu, akichukua nafasi ya mchekeshaji na kuchangia upande wa muziki, yaani nafasi ileile ya mchekeshaji wa bangsawan ambayo Mwalimu alikuwa ameieleza kwa umahiri mkubwa nusu saa kabla. Kuunganisha mambo hayo mawili kusingemchukua hata dakika mbili. Aidha, kuondoka kwa Rd Mochtar mwaka 1940 kulisimuliwa kana kwamba ni uhaini, ilhali aligombana na kampuni kuhusu malipo akahamia kwa washindani wao, jambo ambalo mfanyakazi yeyote analielewa. Nafasi yake ilichukuliwa na Rd Djoemala katika Sorga Ka Toedjoe, na watazamaji waliendelea kuja kwa sababu ya Roekiah, ambaye wanawake wa mijini walikuwa wakiiga mavazi yake na namna alivyofunga nywele.

Majina ya filamu zilizofuata yalionyeshwa ukutani moja baada ya jingine, herufi nyeupe juu ya weusi, bila picha, kwa utaratibu ambao mwanzoni niliuona wa kuchosha na mwishoni nikaukubali. Gagak Item, 1939. Siti Akbari, 1940. Sorga Ka Toedjoe, 1940. Roekihati, 1940. Koeda Sembrani, 1941, ambayo ni hadithi ya farasi arukaye kutoka Alfu Lela Ulela. Poesaka Terpendam, 1941. Kila jina lilikaa kwa muda wa kama pumzi tatu. Watu walianza kuyasoma kwa sauti ya chini, wakitumia kanuni ya tahajia waliyofundishwa mwanzoni, na walipofika kwenye neno "Siti" hawakuhitaji kanuni yoyote. Mwalimu alieleza kwamba mikanda ya zamani ya naitreti huoza na hushika moto kwa urahisi, kwamba hali ya joto na unyevu ya tropiki iliharakisha uharibifu huo, na kwamba hifadhi ya filamu mjini Jakarta, Sinematek Indonesia, ilianzishwa mwaka 1975 tu na Misbach Yusa Biran na wenzake, wakati sehemu kubwa ya kazi za kabla ya vita ilikuwa imekwisha kutoweka.

Miaka ya mwisho ilisimuliwa kwa haraka mno. Wajapani waliiteka Java mwezi Machi 1942, studio zikafungwa, na wasanii wakarudi jukwaani, mara nyingi kwa matakwa ya watawala wapya. Mwaka 1944 Roekiah alionekana katika Ke Seberang, filamu fupi ya propaganda ya Kijapani, ambayo ndiyo ya mwisho kwake. Aliugua kwa miezi kadhaa akafariki tarehe 2 Septemba 1945, akiwa na miaka 27, wiki mbili na siku chache baada ya uhuru kutangazwa na siku ileile Japani ilipotia saini hati ya kusalimu amri. Mtoto wao Rachmat Kartolo, aliyezaliwa mwaka 1938, alikuja kuwa mwimbaji na mwigizaji kwa haki yake mwenyewe. Mambo mazito kiasi hiki yalipewa dakika tano kwa sababu muda ulikuwa umekwisha, na muda ulikwisha kwa sababu tulichelewa kuanza. Ukumbi unaotangaza saa moja uanze saa moja. Wengi wetu hutegemea daladala za mwisho, na wanaoishi Kiboriloni walilazimika kuondoka kabla ya kusikia jinsi alivyofariki.

Kuhusu huduma nyingine sina mengi. Kahawa ni ya Kilimanjaro, imechemshwa vizuri, inatolewa kwenye vikombe vya udongo visivyo na nyufa, na anayetaka tangawizi huwekewa. Viti ni vya plastiki na baada ya saa moja na nusu mgongo hulalamika. Dirisha la upande wa barabara halifungi sawasawa, kwa hiyo kila bodaboda iliyopita ilimkatiza Mwalimu, hasa katika kisa cha kutoroka kwenda Malaka. Choo ni safi. Kwa shilingi 6,000 ningelipa tena bila kusita, na kwa spika nzuri ningelipa 10,000.

Onyesho lilipokwisha, yule mama wa Njoro alikwenda mbele na kumwomba kijana anayeendesha projekta amwonyeshe tena picha ya kwanza, ile ya Roekiah akiwa na ua kwenye nywele, ili aipige picha kwa simu akamwonyeshe mjukuu wake aliyerithi jina la bibi yake. Kijana alikuwa amekwisha kuifunga mashine kwenye mkoba na kuzungusha waya. Alisema, "Sawa, mama, ngoja kidogo," akaufungua mkoba, akaunga waya upya, na sisi tuliokuwa tumefika mlangoni tukarudi kukaa.